Mkate Nyuma ya Altare

Ximena Arandia alifika nyumbani kwa Benigna saa nne asubuhi, amevaa koti jeupe lisiloelewana kabisa na vumbi la mji wa Oruro, Bolivia. Kabla hata hajakaribishwa kiti aliuliza kama kweli kanda zote zimo humu ndani, au kuna mahali pengine pa maana zaidi zinapotunzwa.

"Ni hapa hapa," Benigna alisema, akamfungulia mlango wa chumba cha uani.

Kanda mia mbili na kumi na nne zilikuwa zimesimamishwa juu ya mbao, mgongo kwa mgongo, kaseti za video za zamani zenye uzito wa tofali. Benigna alikuwa mtunza maktaba wa kituo kidogo cha televisheni cha mjini. Kituo kilipopata wamiliki wapya, wakaamua kanda zile ni takataka, naye akazisomba kwa toroli, safari kumi na moja, mumewe Severo akisukuma na kunung'unika njia nzima. Hiyo ilikuwa miaka tisa iliyopita. Tangu hapo chumba ambacho kingepangishwa kwa mwanafunzi kilikuwa kinakaliwa na wapangaji wasiolipa kodi.

Kazi ya Ximena ilikuwa kutafuta picha za zamani kwa ajili ya watengenezaji wa filamu za kumbukumbu huko La Paz. Safari hii alikuwa anawatafuta wanawake saba wa mgodi wa Santa Rufina, wale waliogoma kula siku kumi na tisa ndani ya kanisa, serikali ilipotaka kuufunga mgodi na kuwatawanya watu.

"Nimezunguka kila mahali," alisema. "Picha za mnato wanazo. Za kutembea, hakuna aliye nazo."

"Mimi ninazo kanda tatu. Mbili nilishazinakili. Ya tatu sijaigusa."

"Kwa nini?"

"Inanata. Imevuta unyevu. Ukiitia kwenye mashine hivi hivi inalia kama paka, kisha inakatika. Lazima kwanza niipike."

Ximena alicheka. "Kuipika? Kwa vitunguu?"

"Kwa moto mdogo, muda wa saa nane," Benigna alijibu bila kucheka. "Kwenye kikaushio cha matunda. Halafu unaicheza mara moja. Ukibahatika, mara mbili."

Wakati huo mama mkwe wake aliingia na vikombe vya chai ya majani ya koka. Eulogia Condarco alikuwa na miaka sitini na minane, mfupi, mkavu, mtandio umefungwa vizuri kifuani. Ximena alimkazia macho, akashtuka kwa furaha.

"Wewe si mmoja wa wale saba? Nimekuona kwenye gazeti, unavishwa shada!"

"Ndimi."

"Hebu niambie, mama. Siku kumi na tisa bila kula! Ulikuwa unahisi nini?"

"Njaa," Eulogia alisema, akaweka sinia chini na kutoka.

Ximena aliinua kikombe, akatazama ukingo wake uliomeguka, akakirudisha taratibu kwenye sinia. Benigna aliona. Walikubaliana boliviano elfu sita, kanda ya tatu ikiwa tayari kabla ya Ijumaa, na Ximena akatoa karatasi ya kutia sahihi. Kwenye karatasi ile, mahali pa jina la mhifadhi, paliandikwa "mkusanyiko binafsi".

"Jina langu je?"

"Ah, hayo ni mambo ya mwishoni, Bi Benigna. Nafasi ikipatikana."

Benigna alitia sahihi. Paa la chumba kile lilikuwa linavuja, na mvua za Desemba zilikuwa haziko mbali.

*

Aliipika kanda Jumatano kutwa, kila baada ya nusu saa akitazama kipimajoto kama mtu mwenye mgonjwa ndani. Alhamisi asubuhi aliisafisha mashine kwa spiriti, akaunganisha waya kwenye kompyuta, akabonyeza, huku amebana pumzi.

Kanda ikakubali kuzunguka.

Sakafu ya kanisa ilitokea, magodoro yamepangwa ukutani, wanawake wamejikunja chini ya mablanketi. Mmoja wao alikuwa amejifunika mtandio wake gubigubi mpaka kichwani, kama alivyokuwa kwenye zile kanda mbili nyingine, na Benigna alijua huyo ni Nicanora Villca, mmoja wa wale saba. Ukutani palikuwa pamebandikwa karatasi yenye namba 11, hesabu ya siku za mgomo. Mpiga picha alizunguka, akazipita nyuso, kisha bila shaka akachoka. Kamera ikashuka, ikawekwa juu ya benchi, naye akaondoka bila kuizima. Picha ikabaki imeinama upande, ikitazama nyuma ya altare.

Hapo wakatokea wawili. Wa kwanza, mwenye mtandio ule ule, alikuwa Nicanora, sasa uso wazi. Wa pili alikuwa Eulogia akiwa mwanamke kijana wa miaka thelathini, tumbo limemtangulia. Nicanora alitoa nusu ya mkate chini ya mtandio wake, akampa. Kisha akautandaza mtandio kwa mikono miwili kama pazia, akasimama kumkinga. Eulogia alikula akiwa ameuelekea ukuta, haraka haraka, mabega yakipanda na kushuka. Alipomaliza, Nicanora aliokota makombo yaliyoangukia nguo ya mwenzake, moja moja. Akayatazama kiganjani. Benigna alidhani atayala. Aliyatia kinywani mwa Eulogia, akamfuta midomo kwa kidole gumba, akageuka. Uso wake ukaijaa picha yote: pua iliyopinda kidogo, macho yaliyozama, na kitu fulani karibu na tabasamu.

Dakika moja na sekunde arobaini. Halafu mashine ikaanza kulia, picha ikavunjika mistari. Benigna alipoitoa kanda, vumbi la kahawia lilimwagika mezani, na utepe ulikuwa umebaki mweupe kama nailoni ya kufungia nyama. Hapangekuwa na mara ya pili. Kilichosalia duniani ni kile kilichokuwa ndani ya kompyuta.

Mtaa mzima ulimwita mama mkwe wake Mama Siku Kumi na Tisa. Kila mwaka, siku ya kumbukumbu, chama cha wachimbaji wastaafu kilimketisha mbele, kikamvisha maua, na Nicanora, aliyekufa miezi miwili baada ya mgomo kwa figo zilizochoka, alisomwa jina lake watu wakiwa wamesimama.

*

Severo alikuja kula mchana, mikono inanuka chuma alichokuwa akichomelea. Benigna hakumpakulia. Alimketisha mbele ya kompyuta.

Alitazama mpaka mwisho. Kisha akasema neno moja. "Futa."

"Kazi yangu si kufuta."

"Kazi yako? Nani anakulipa? Miaka tisa tunalala na haya madude, leo ndiyo yanatuletea nini? Aibu ya mama yangu!"

"Punguza sauti, yuko jikoni."

"Watamla mzima mzima, Benigna. Unawajua watu wa hapa. Kesho hawezi kwenda hata sokoni."

"Severo. Aliyekuwa tumboni mle ni nani?"

Alitazama viganja vyake. Alikuwa na miaka thelathini na minane.

"Kwa hiyo niliyekula ni mimi," alisema mwishowe, kwa sauti ya chini. "Haya. Ndiyo maana nakwambia futa."

Angekuwa ameombwa kitu kingine, Benigna angekubali upesi. Ila palikuwa na Leocadia. Leocadia alikuwa binti wa Nicanora, muuza api, uji mtamu wa mahindi ya zambarau, na pasteli za kukaanga kwenye kona, mitaa miwili kutoka hapo. Mgodi ulipofungwa familia zilibebwa kwenye malori, kila moja na mzigo wake ulioruhusiwa, na picha za ukutani zikabaki ukutani. Leocadia alikuwa na kitambulisho tu cha mama yake, chenye picha ndogo kama ukucha, nayo imefifia. Mara ngapi alikuja kugonga mlango huu? "Dada Benigna, kwenye makanda yako hujamwona?" Na Benigna alimjibu kila mara: amejifunika, dada, haonekani uso.

Alasiri ile, pamoja na hayo yote, aliikata. Alitengeneza nakala ya Ximena isiyo na dakika ile moja na sekunde arobaini, akaunga kabla na baada vizuri kiasi kwamba hakuna ambaye angejua. Alipomaliza alijihisi kama mtu aliyefukua kaburi. Nakala kamili aliificha kwenye faili lisilo na jina. Kufuta kabisa, mkono ulimkatalia.

"Kuna mkate humo?"

Eulogia alikuwa amesimama mlangoni, kijiko cha mbao mkononi.

"Mama..."

"Nimekuuliza, kuna mkate?"

"Upo, mama. Lakini nimeshaukata. Hakuna atakayeuona."

Mama mkwe aliingia, akaketi kwenye kreti. "Taa nyekundu ilikuwa inawaka," alisema. "Kwenye ile kamera. Niliiona. Nikaendelea kula." Akasugua kijiko kwa aproni ingawa kilikuwa kikavu. "Siku ulipozileta hizi kanda kwa toroli nilijua kuwa umeniletea hukumu yangu nyumbani. Miaka tisa nakupikia, na kila ukifungua kanda mpya nasema, leo ndiyo leo."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Ungeniitaje? Mama Siku Kumi na Moja?" Alicheka kidogo, kicheko kibaya. "Nionyeshe."

Benigna alimwonyesha. Mwili wake mwenyewe ukila, Eulogia aliutazama bila kupepesa, kama anayemtazama mnyama wa mtu mwingine. Ila Nicanora alipogeuka, mwanamke yule mzee alinyoosha mkono akagusa kioo.

"Nilikuwa nimeisahau pua yake," alisema. "Mungu wangu. Nilikuwa nimeisahau." Akainuka. "Chukua hiyo kompyuta. Tunakwenda kwa Leocadia."

Severo aliwakuta uani, akazuia lango kwa mwili wake. "Mama, rudi ndani. Nakuomba. Mambo ya zamani hayo."

"Wewe ulishiba," mama yake alimwambia. "Nipishe."

*

Leocadia alikuwa anaosha sufuria za api mbele ya chumba chake. Alipoambiwa kuna picha ya mama yake, na kwamba watu wa filamu wa La Paz wanaitaka, alijifuta mikono mara tatu, akakaa kwenye ukingo wa kitanda, na kabla ya kuanza akavua kofia, kama mtu aliyeingia kanisani.

Mara ya kwanza aliona uso tu. "Ndiye," alisema. "Ndiye huyu! Tazama, tazama, nina kidevu chake." Machozi yalimtoka huku anacheka. "Rudisha, dada Benigna. Rudisha mwanzo."

Mara ya pili aliuona mkate. Kicheko kikakatika. Alisogea karibu na kioo, akatazama mpaka mwisho, huku nje sufuria ikifurika maji ya bomba.

"Huo mkate ni wangu," alisema.

Benigna aliisimamisha picha.

"Padri alikuwa anatupa sisi watoto tuliokuwa nao mle kanisani mkate mmoja mmoja kila jioni. Mama akachukua nusu ya wangu. Kila siku. Nilikuwa na miaka sita, nilimwona akiuficha kwenye mtandio. Nikajua anakula." Aligeuka kumtazama Eulogia kwa mara ya kwanza. "Nikajua mama yangu ni mwongo. Wenzake wanakufa njaa, yeye anakula mkate wa mwanawe. Alipokufa sikulia. Watu wakasema, mtoto huyu ana moyo wa jiwe. Nilikuwa nasema moyoni, atakufaje kwa njaa na yeye alikuwa anakula?"

"Leocadia, mwanangu..."

"Sijamaliza. Kila mwaka mnanisimamisha pale mbele niseme mama yangu alikuwa shujaa. Nasema. Nikirudi hapa najitemea mate. Miaka thelathini na nane, Mama Eulogia! Na wewe Jumapili zote unakuja kunywa api yangu. Unakaa pale. Pale! Unasema, api yako tamu, binti. Ungeninong'oneza hata siku moja tu."

"Niliogopa," Eulogia alisema.

"Uliogopa nini? Shada la maua?"

Eulogia alianza kushuka sakafuni, goti moja, akishika mguu wa kitanda. Leocadia alimtazama bila kusogea.

"Usipige magoti. Kukuinua itakuwa kazi yangu, nami nimechoka."

Mwanamke mzee alibaki nusu ameinama, hajui aende juu au chini, mpaka Benigna akamshika kwapa.

"Mpeleke nyumbani," Leocadia alisema, "kisha urudi wewe peke yako. Na hiyo picha, iende La Paz kama ilivyo. Yote. Nataka waone alivyookota makombo."

*

Ijumaa Ximena alipoitazama nakala kamili, aliweka mkono mdomoni. "Bi Benigna! Hii ndiyo filamu yenyewe!"

"Sharti langu ni moja. Isikatwe. Kuanzia mkate unapotoka mpaka anapogeuka."

"Naelewa kabisa. Nitamwambia mkurugenzi."

"Andika kwenye karatasi."

"Karatasi tayari umetia sahihi, mama," Ximena alisema kwa upole, akivaa koti lake. "Lakini nitamwambia."

Pesa zilikuja, pungufu kwa makato ya benki. Severo alinunua mabati, akaezeka chumba cha kanda siku mbili bila kusema na mke wake, akigonga misumari kwa nguvu kuliko ilivyohitajika.

Filamu ilionyeshwa kwenye televisheni mwezi wa Mei. Walikaa wote watatu kuitazama. Wanawake wa Santa Rufina walipewa dakika nne. Msimuliaji, kwa sauti nzito ya kiume, alieleza kwamba njaa haichagui na kwamba hata miongoni mwa mashujaa udhaifu ulikuwapo. Na hapo, juu ya maandishi "Siku ya 11", kwa sekunde tisa, Eulogia alionekana akila akiwa ameuelekea ukuta. Mkono uliompa mkate haukuonekana. Mtandio uliotandazwa ulionekana pembe yake tu. Makombo hayakuwapo. Nicanora hakugeuka. Mwishoni majina yalipita haraka sana, na la Benigna halikuwapo.

Severo alizima televisheni. Hakusema "nilikwambia". Afadhali angesema.

Asubuhi yake muuza mikate alipita na tenga lake, akapaza sauti chini ya dirisha, "Mkate, Mama Siku Kumi na Moja! Wa moto!" Watu wakacheka. Wiki iliyofuata mzee Policarpio, katibu wa chama, alikuja na kofia mkononi, akazunguka sana na maneno, na kiini chake kikawa kwamba mwaka huu, kutokana na hali, kamati imeona mama apumzike. Eulogia alisema ameelewa. Alimpa chai. Alipoondoka akaenda kuosha kikombe, akakiosha muda mrefu.

Benigna alipiga simu La Paz mara nne. Mara ya nne Ximena alipokea, akasema anasikitika sana, mambo ya muda wa kipindi, lakini picha imewagusa watu wengi, hata mtangazaji wa kigeni ameiulizia. Benigna akakata simu. Akachukua nakala kamili, akatoa nyingine mbili, moja akaipeleka kwa mkono maktaba ya chuo kikuu, nyingine kwa dada yake Cochabamba. Kwenye kila moja akaandika majina ya wanawake wote wawili, na picha inapoanzia, na inapoishia, na kwamba isikatwe. Ndiyo nguvu pekee aliyokuwa nayo.

Siku ya kumbukumbu Leocadia aliitwa mbele kama kawaida. Alisema, "Mama yangu alichukua mkate wangu akampa mtoto aliyekuwa hajazaliwa. Mtoto mwenyewe ndiye yule mchomeleaji aliyesimama mlangoni," akarudi kukaa. Watu waligeuka kumtazama Severo. Alivua kofia, akashindwa kujua afanye nini na mikono yake, akatoka nje.

*

Baada ya siku ile ya kumbukumbu, Leocadia alianza kuja Jumapili alasiri, baada ya kufunga api. Alipita uani, akampita Eulogia aliyekuwa akimenya viazi juani, hakumsalimu. Aliingia chumba cha kanda, akakaa kwenye benchi, na Benigna akamwekea ile dakika moja na sekunde arobaini, mara tatu, mara nne, kadiri alivyotaka. Halafu alishukuru, akaondoka, akampita tena mwanamke mzee kama mtu anayepita kisiki. Jumapili sita zilikwenda hivyo. Eulogia hakumwomba kitu. Alisogeza tu kiti chake kidogo kidogo, kila wiki hatua moja karibu na mlango ule, mpaka Benigna akawa anaona aibu kumtazama.

Jumapili ya saba mlango uliachwa haujafungwa vizuri. Upepo uliusukuma, na Eulogia alikuwa pale pale kizingitini, ndoo ya viazi mkononi, jua limempiga mgongoni. Ndani, kwenye kioo, Nicanora alikuwa anakunjua mtandio wake. Mwanga ulioingia ulimeza picha nzima.

Eulogia alirudi nyuma nusu hatua. Benigna aliinua mkono asimamishe mashine.

Leocadia hakugeuza kichwa.

"Kama unaingia, ingia," alisema. "Funga mlango. Mwanga unamfuta mama yangu."

Eulogia aliweka ndoo chini nje, akaingia, akaufunga mlango kwa mikono miwili. Hapakuwa na mahali pengine pa kukaa isipokuwa mwisho wa benchi lile, na hakuthubutu. Alibaki amesimama, mgongo ukutani, katikati ya kanda, na Benigna akairudisha picha mwanzo.